Masharti Mawili ya Posthumously

Kuna neno moja la Kizungu ambalo Dorca hawezi kulisikia bila damu kumchemka. Si tusi. Lingekuwa tusi angelizoea, maana mwanamke aliyekaanga samaki sokoni Kombewa miaka kumi na minane ameshatukanwa na walevi, makanga na wake za watu, na wote aliwajibu bila kuinua macho kwenye karai. Neno lenyewe ni posthumously. Aliyemfundisha ni mume wake, Mwalimu Dalmas, na alimfundisha vizuri. Hapo ndipo walipokosea wale waliokuja kulitamka mbele ya jeneza lake, wakidhani mjane muuza samaki hatawaelewa.

Dalmas alifundisha Kiingereza katika shule ya msingi iliyokuwa juu ya kilima, nusu saa kwa baiskeli kutoka sokoni. Aliingia kazini mwaka wa 1974 bila cheti, kama vijana wengi wa wakati ule waliomaliza kidato cha nne wakapewa chaki na kuambiwa wakajaribu. Yeye hakujaribu, alifundisha. Kila Jumatatu aliandika neno moja gumu kwenye pembe ya ubao, akalizungushia kisanduku, na ole wake atakayelifuta kabla ya Ijumaa, hata angekuwa mwalimu mkuu. Alipenda vielezi kuliko maneno mengine yote. "Kitenzi kinakuambia mtu amefanya nini," alikuwa akisema. "Kielezi kinakuambia alikuwa na moyo gani alipokuwa akifanya."

Neno la Jumatatu alilijaribu kwanza kwa mke wake, Jumapili baada ya kanisa, akiwa amechuchumaa kando ya jiko. Dorca alikuwa akikaanga mgongo wazi, yaani ile mifupa ya mbuta inayobaki baada ya viwanda vya mjini kukwangua nyama yote na kuipeleka Ulaya. Hilo nalo lilimkera, watu wa ziwa kuuziwa mifupa ya samaki wao wenyewe, lakini hasira hiyo aliiweka akiba.

"Kama wewe uliyeishia darasa la nne utalielewa, tena na moshi machoni," Dalmas alimwambia, "basi darasa la saba hawana kisingizio."

"Asante kwa heshima, Mwalimu," Dorca alijibu. "Sema neno lako kabla mafuta hayajaungua."

Ilikuwa mwaka wa 1991 alipomletea posthumously. Alikuwa amelikuta kwenye kipande cha gazeti kilichofungia samaki, akakiosha kile kipande na kukianika juani kama shati. Alimweleza Dorca kwamba hili ni neno la wafu. Askari amekufa vitani, halafu ndugu zake wakaitwa wakakabidhiwa medali yake: amepewa posthumously. Mtu ameandika kitabu, akafa, kitabu kikatoka yeye akiwa chini ya udongo: kimetoka posthumously.

"Lakini lina masharti mawili," Dalmas alisema, akiinua vidole. "La kwanza, mwenyewe awe amekufa. Usije ukasema kaka yangu Absalom amepewa ng'ombe posthumously, na huku unamwona anatafuna nyama."

Dorca alicheka. Absalom kutafuna nyama lilikuwa jambo la kila siku.

"La pili, kitu kiwe kimetolewa kweli. Ukitangaza kwamba askari amepewa medali, na medali bado iko mfukoni mwako, hapo hujatumia kielezi. Umesema uongo kwa Kizungu."

"Na huyo askari, medali inamsaidia nini? Ataivaa wapi?"

"Haimsaidii yeye. Inawasaidia waliobaki. Ndiyo sababu lazima itolewe kweli."

Basi. Hayo ndiyo yaliyosemwa, kando ya karai, na Dorca aliyashika kama alivyoshika maneno mengine mengi ya mume wake. Hakujua kwamba lile moja lilikuwa linamngoja.

Maana mambo ya Dalmas yote yalikuwa ya kungoja. Alisoma kozi ya likizo miaka mitatu, akafanya mtihani wa ualimu mwaka wa 1985, akapita, na kupita kwake kulisomwa kwa sauti kanisani. Kilichobaki kilikuwa barua ya kumpandisha cheo kutoka ofisi ya elimu. Kila mwisho wa mwezi aliendesha baiskeli hadi huko, akakaa kwenye benchi la mbao nje ya mlango wa afisa mmoja aitwaye Nicodemus, mtu wa suti ya kahawia na meno meupe. "Mwalimu, faili yako iko mezani kwangu. Ngoja kidogo tu." Miaka tisa! Vijana aliowafundisha yeye kusoma walipandishwa vyeo wakampita, na wengine walimkuta kwenye benchi lile lile wakaona haya kumwamkia.

Na nyumbani kwao? Ngoja hiyo hiyo. Kijumba alichojenga ujanani katika boma la baba yake kilianguka kwa mvua ya masika ya 1982. Alipotaka kujenga upya, nyumba ya mtu mwenye mke na watoto, kaka yake mkubwa Absalom alimwambia asubiri kwanza. Baba yao alikuwa ameshakufa, na mdogo hajengi kabla mkubwa hajamwonyesha mahali. Mwaka huu mahindi hayajavunwa. Mwaka ule mpaka haujapimwa. Mwaka mwingine mgongo wa Absalom unauma. Na huku alikuwa akilima upande wa Dalmas na upande wake pamoja, mgongo hauumi. Dalmas, Dorca na watoto wanne waliishi kwenye chumba cha kupanga nyuma ya soko, chenye ukuta uliolia maji Aprili nzima.

Dorca alimgombeza sana mume wake. "Wewe unajua maneno yote ya Malkia, na neno moja la kumwambia kaka yako huna?" Dalmas alitabasamu tu. Upole wake ulimuudhi Dorca kuliko ubaya wa Absalom, na hadi leo anasema hivyo, na anasema akilia.

Mei mwaka wa 1994, homa ya matumbo ilimshika Dalmas Jumanne. Jumapili iliyofuata alikuwa mochari.

Sasa sikiliza vituko. Kwa desturi ya kwao, mwanamume mwenye mke hazikwi katika boma bila nyumba yake. Lazima mwili uingie nyumbani kwake, ulale humo, ndipo utolewe kwenda kaburini. Kama hakuwa na nyumba, itajengwa haraka kabla hajaletwa. Na ile nyumba iliyoshindikana miaka kumi na miwili ilijengwa kwa siku tatu! Mahali pa kujenga palionekana mara moja, pazuri, karibu na mti wa siala. Mgongo wa Absalom ulipona. Alikata miti, akafunga fito, akakanyaga udongo mpaka magotini, akipaza sauti ili kila anayepita asikie: "Ndugu yangu! Ndugu yangu wa pekee!" Wapita njia walitikisa vichwa wakasema, huyu kweli alimpenda mdogo wake.

Dorca aliletwa kutoka sokoni pamoja na mwili. Alipoiona ile nyumba, mabati yakimetameta, alisimama wima. Watu walidhani ni uchungu. Ulikuwa uchungu, ndiyo, lakini nusu yake ilikuwa hasira tupu. Nyumba hii Dalmas aliiomba kwa adabu, tena na tena, akiwa na miguu ya kuingilia. Sasa alibebwa.

Hata hivyo alijikaza. Alijiambia kwamba angalau watoto wamepata paa. Chumba cha sokoni mwenye nyumba alikuwa ameshampangisha mtu mwingine. Hapakuwa na kurudi. Nyumba hii ndiyo iliyokuwa kila kitu alichobakiwa nacho, yeye, binti yake mkubwa Aoko, na wale wadogo watatu.

Asubuhi ya mazishi, Nelima alimvuta kando. Nelima alikuwa fundi cherehani kutoka upande wa Bungoma, jirani yake sokoni, mwanamke mwenye macho ya kuona uzi uliokaa vibaya kwenye nguo ya mtu anayepita ng'ambo ya barabara.

"Mama Aoko, usikasirike," alimnong'oneza. "Lakini hii nyumba yenu iko na misumari nusu."

"Nusu vipi?"

"Angalia juu. Upepo ukivuma mabati inacheza. Misumari hawajapiga ikaingia. Vichwa vyote viko nje. Mimi najua kitu mtu ameshona ya kudumu na kitu amepiga bandi tu ya kufumua. Hii ni ya kufumua."

Dorca alitazama. Kweli, kila msumari ulikuwa umesimama, umeingia nusu, kichwa hewani. Nelima hakuwa amemaliza. Alipokuwa akichota maji nyuma ya jiko, alikuwa amemsikia Absalom akimwambia mzee wa kanisa asiwe na wasiwasi, mabati ya kanisa yatarudi Jumatatu yakiwa salama, bila hata kukunjika. Mjane na watoto watalala jikoni kwa watu mpaka nyasi za kuezekea zipatikane. Lini? Eh, wangoje kidogo.

Dorca alimshika Nelima mkono akaubana mpaka Nelima akaguna, kisha akaenda kukaa mahali pa mjane, karibu na jeneza lililokuwa limetolewa uani.

Watu walikuwa wengi. Darasa zima la saba lilikuja na sare, likapangwa mistari. Mapema kidogo, kabla ya ibada, Bwana Nicodemus wa ofisi ya elimu alisimama na suti yake ya kahawia. Alikohoa. Alisema marehemu alikuwa taa. Alisema marehemu alikuwa nguzo. Halafu akainua kidole juu, akabadilisha lugha ili jambo lipate uzito: alifurahi kuwatangazia waombolezaji kwamba ofisi yake imempandisha cheo Mwalimu Dalmas, posthumously.

Makofi! Walipiga makofi, yawa, kama vile mtu amefufuliwa. Absalom alipiga kwa nguvu kuliko wote. Nicodemus aliinamisha kichwa kwa unyenyekevu na kurudi kwenye kiti chake.

Kisha ikaja zamu ya mjane. Ni kawaida mjane asimame aeleze jinsi ugonjwa ulivyoanza, kwa sauti ya chini, watu waguse macho kwa leso. Dorca alisimama. Alieleza ugonjwa kwa maneno machache. Halafu hakukaa.

"Bwana Afisa," alisema, "lile neno ulilolisema. Maana yake ni nini?"

Nicodemus alitabasamu kama anayetabasamia mtoto. "Mama, hilo ni neno la heshima kubwa. Maana yake ni baada ya kifo."

"Na sharti lake la pili?"

"Sharti lipi, Mama?"

"Mume wangu alifundisha kwamba neno hilo lina masharti mawili. La kwanza, mwenyewe awe amekufa. Hilo mmelitimiza vizuri sana, hata sina la kuongeza." "La pili, kitu kiwe kimetolewa. Barua iko wapi?"

Nicodemus alijipapasa mfuko wa koti, kana kwamba barua ingejitokeza yenyewe kwa huruma. "Barua... iko ofisini, Mama. Inangoja sahihi tu."

"Inangoja," Dorca alisema. "Haya. Kaa chini."

Na akakaa! Mtu mzima, na suti, akakaa. Dorca alimgeukia Absalom.

"Na wewe, shemeji. Umemjengea ndugu yako nyumba akiwa maiti. Watu wamekusifu. Sasa niambie mbele yao, mbona misumari yako imeingia nusu?"

Vichwa vyote viligeuka kutazama paa. Upepo wa ziwani ulikuja wakati ule ule, na mabati yakacheza, kwa-kwa-kwa, kila mtu akasikia. Mzee wa kanisa alianza kutafuta kitu kwenye Biblia yake.

"Mama Aoko," Absalom alisema kwa sauti ya asali, "hayo ni mambo ya ndani ya boma. Tutayazungumza baada ya mazishi."

"Baada!" Dorca alipiga ukelele, na hakuna aliyewahi kumsikia hivyo, hata wale walevi wa sokoni. "Baada, baada, baada! Kila kitu cha Dalmas ni baada! Cheo baada! Nyumba baada! Hata kusifiwa, mlisubiri masikio yake yazibwe pamba ndipo mkafungua midomo! Mimi nimeshiba baada yenu. Mlimwambia angoje, akangoja mpaka akafa kwa kungoja. Mimi singoji."

Aliweka mkono wake juu ya kifuniko cha jeneza. Ulikuwa mkono wenye makovu ya mafuta moto, kuanzia kwenye vidole hadi kiwiko.

"Kamba za jeneza hili hazishikwi na mtu. Misumari iingie kwanza. Yote. Jumatatu hakuna atakayepanda juu ya watoto wangu kufumua nyumba. Kama umempa, umempa. Kama hujampa, sema hapa hujampa, tumrudishe mochari, na mimi niwaambie watu kwa nini."

Absalom alitazama wazee. Wazee walitazama chini. Nani atamvuta mjane kwenye jeneza la mumewe? Nani atakubali maiti igeuke njiani na kurudi mjini, kisha laana ya namna hiyo imfuate nyumbani kwake? Bibi mmoja mzee sana, asiye na meno, ndiye aliyesema: "Absalom, nyundo unayo. Panda."

Akapanda. Na shati lake jeupe la matanga, na tai. Ngazi ilishikiliwa na Nelima, ambaye hakuna aliyemwomba. Msumari wa kwanza ulilia, ukazama. Wa pili. Alipofika wa tatu, darasa la saba, bila kuamrishwa, lilianza kuhesabu kwa Kiingereza safi kabisa, kama walivyofundishwa, na Dorca alisimama akihesabu nao. Ilikuwa sitini na miwili. Jua lilikuwa limempiga Absalom, tai imekwenda mgongoni. Aliposhuka hakumtazama mtu. Ndipo Dorca alipoondoa mkono wake kwenye jeneza, na ndipo alipoanguka chini akalia kama wajane wanavyolia.

Jumatatu kanisa lilikuja kuchukua mabati yake. Yalikuwa hayafumuliki tena bila kuraruka. Basi Absalom alilazimika kufumua ghala lake la mahindi, bati kwa bati, akalipa kwa hayo. Dorca alimwangalia kutoka mlangoni kwake, mikono kiunoni, na hakujificha kwamba anaangalia.

Barua je? Barua ilikuja mwaka wa 1997. Miaka mitatu, kwa sahihi moja! Aoko, ambaye sasa alikuwa msichana mkubwa anayesomea ualimu, aliisoma kwa sauti mlangoni. Ilikuwa imeandikiwa Bwana Dalmas mwenyewe. Ilimpongeza. Ilimwagiza aripoti katika shule yake mpya kabla ya siku kumi na nne kwisha, la sivyo angechukuliwa hatua kwa kutoroka kazi.

"Rudia," Dorca alisema. Aoko akarudia. "Lile neno limo?"

"Neno gani, Mama?"

"Unalijua."

Aoko alitafuta kutoka juu hadi chini, akageuza hata upande wa nyuma. Halikuwamo. Siku walipokuwa na watu wa kuwapigia makofi walikuwa nalo. Kwenye karatasi, mahali pekee palipolihitaji, hawakulikumbuka; hawakukumbuka hata kwamba mtu amekufa.

Dorca aliingia ndani, akatoa kalamu nyekundu ya Dalmas kutoka kwenye kopo ilimokaa tangu 1994. Haikuandika. Aliitia mate, akaipashia joto mkononi, ikaandika. Juu ya mstari wa pongezi, kwa mwandiko wa mtu wa darasa la nne, aliandika posthumously, herufi moja baada ya nyingine, bila kosa. Kisha akavaa gauni lake la kanisa na kwenda ofisi ya elimu kwa miguu, mwendo wa asubuhi nzima.

Benchi la mbao lilikuwepo. Nicodemus naye alikuwepo, suti nyingine, meno yale yale. Dorca hakubisha hodi. Aliiweka barua mezani, akaielekeza upande wake ili aisome.

"Mama, hii ni kitu gani?"

"Ni makosa yako. Sahihisha, upige chapa upya, utie sahihi."

Nicodemus alitazama wino mwekundu. Kisha akasema, kwa ile sauti yake ya siku zote, "Sawa, Mama. Ngoja kidogo—"

"Mimi?" Dorca alisema. Alivuta kiti cha wageni, akakisogeza mpaka magoti yake yakagusa meza, akakaa. "Mwenye kungoja alikufa. Andika."

Nicodemus akachukua kalamu.